Kabla Hujaandika Dawa: Mwongozo kwa Muuguzi Anayetafuta Mamlaka Hayo Marekani

Wauguzi wenzangu kutoka Kenya, Tanzania na Kongo wanaofika hapa Minnesota huniuliza karibu swali lile lile: "Dada, nifanyeje na mimi niwe naandika dawa?" Huwajibu kwa furaha, maana kazi hii naipenda na wagonjwa wetu wanahitaji watu wa kuwasikiliza kwa lugha yao. Shida ni kwamba wengi huanza kwa kutafuta chuo, na masomo yakishafika katikati ndipo wanapogundua kwamba jimbo wanalotaka kuishi haliwapi kile walichodhani wanakisomea. Anza na sheria. Chuo kitafuata.

Mimi nilisomea uuguzi Mombasa, nikafanya kazi katika zahanati za Kilifi, na sasa ni NP wa afya ya familia katika kliniki iliyoko kaskazini mwa Minneapolis. NP ni muuguzi wa ngazi ya juu mwenye leseni ya kupima, kutambua ugonjwa na kuandika dawa. Mliofanya kazi zahanati za vijijini mnajua hali ilivyo. Muuguzi ndiye anayempokea mtoto mwenye homa, ndiye anayemdunga kidole, ndiye anayesoma kipimo, ndiye anayehesabu tembe 6 za AL, dawa ya malaria, za mtoto wa chini ya kilo 15 na kumweleza mama: moja sasa hivi, moja baada ya muda wa saa nane kupita, kisha asubuhi na jioni kwa siku mbili zinazofuata. Mwongozo wa wizara uko ukutani na wewe ndiye unayeufuata, kwa sababu daktari wa karibu yuko mbali na gari halipo.

Ukifika Marekani ukapata leseni ya RN, yaani muuguzi aliyesajiliwa, kazi hiyo huifanyi tena. Hata parasetamoli ya mgonjwa aliyelazwa unaitoa kwa amri ya mtu mwingine, au kwa maagizo ya kudumu ambayo mtu mwenye mamlaka ameyatia sahihi. Jambo hili huwauma wengi, na nawaelewa. Mtu aliyezalisha mamia ya wanawake peke yake usiku wa manane anaambiwa asubiri simu ya daktari ili atoe kidonge cha homa. Lakini usidhani mtu ameupima ujuzi wako akauona mdogo. Sheria ya jimbo inataja ni nani anayeruhusiwa kuandika dawa, na RN hayumo katika orodha hiyo. Kila hatua nitakayoieleza hapa chini ni safari ya kuingia katika orodha hiyo.

Anayetoa mamlaka ni jimbo

Serikali kuu ya Marekani haimpi muuguzi ruhusa ya kuandika dawa. Majimbo ndiyo yanayotoa, kila moja kwa sheria yake, na ndiyo maana majibu unayopata kwa binamu yako wa Dallas hayakusaidii ukiwa Minneapolis.

Historia yenyewe si ndefu. Mwaka 1965 muuguzi Loretta Ford na daktari wa watoto Henry Silver walianzisha programu ya kwanza ya kuwafundisha wauguzi wa aina hii katika Chuo Kikuu cha Colorado, kwa sababu watoto wengi wa vijijini na wa familia maskini hawakuwa na daktari wa kuwaona. Mwaka 1971 Idaho ikawa jimbo la kwanza kuitambua kazi hiyo kisheria. Baada ya hapo ilichukua miongo kadhaa, jimbo moja baada ya jingine, bunge moja baada ya jingine, mara nyingi vyama vya madaktari vikipinga. Ford alifariki Januari 2025 akiwa na umri wa miaka 104, na alikuwa amekwisha kuona majimbo yote 50 yakimruhusu NP kuandika dawa kwa namna moja au nyingine.

Hayo maneno "kwa namna moja au nyingine" ndiyo yenye uzito kwako. Hapa Minnesota, sheria iliyoanza kutumika Januari 2015 iliondoa sharti la mkataba wa kudumu na daktari. Kilichowekwa badala yake kwa NP mpya ni saa 2,080 za kufanya kazi katika mazingira ya ushirikiano na wenzake waliobobea, yaani kama mwaka mmoja wa kazi ya kutwa. Ukizimaliza, sahihi yako inasimama yenyewe. New York iliweka saa 3,600 kabla hujaachwa huru. California, kwa sheria iliyopitishwa mwaka 2020 na kuanza kutekelezwa 2023, ilidai miaka 3 au saa 4,600 ili kufika hatua ya kwanza ya uhuru. Texas ni habari nyingine kabisa: huko unaandika dawa kwa mamlaka ambayo daktari amekukabidhi kwa mkataba wa maandishi, na daktari huyo ana kikomo cha watu anaoweza kuwakabidhi. Siku daktari wako akistaafu au akihama, mkataba unakwisha, na mamlaka yako yanasitishwa hadi upate mwingine wa kutia sahihi.

Kwa hiyo swali la kwanza la kujiuliza ni hili: nataka kuishi na kufanya kazi wapi? Kama mume wako yuko Houston na watoto wamezoea shule ya huko, soma sheria ya Texas leo kabla ya kulipa ada ya chuo chochote.

Namna ya kuisoma sheria yenyewe

Wengi wanaogopa hapa, na hakuna sababu. Sheria za uuguzi zimeandikwa kwa ajili ya wauguzi. Tovuti ya bunge la jimbo inakupa sheria bure. Ya Minnesota ni sura ya 148, na kifungu kinachohusu uandishi wa dawa ni 148.235. Kichapishe, kaa na kalamu, na utafute majibu ya maswali manne: ni nani anayeruhusiwa, dawa zipi, mahali gani, na kwa masharti gani.

Ukiipitisha sheria ya Texas kwenye maswali hayo manne, utaona mambo ambayo hakuna mtu angekuambia chuoni. Dawa za Kundi la II, yaani zile zenye hatari kubwa zaidi ya kumtawala mtu miongoni mwa zinazoruhusiwa hospitalini, kama mofini na oksikodoni, NP wa Texas anaweza kuziandika kwa mgonjwa aliyelazwa au aliye chumba cha dharura hospitalini, au kwa mgonjwa wa huduma ya mwisho wa maisha. Katika kliniki ya kawaida mtaani, haruhusiwi. Dawa ni ile ile na elimu yako ni ile ile. Kilichobadilika ni jengo.

Soma sehemu ya ufafanuzi wa maneno iliyo mwanzoni, hata kama inachosha, kwa sababu neno "kuandika dawa" katika sheria moja linajumuisha kutoa sampuli na vifaa kama bomba la pumu, na katika nyingine halijumuishi. Tofautisha pale sheria inaposema ni lazima na pale inaposema unaweza. Kisha tafuta kanuni za Bodi ya Uuguzi ya jimbo, maana bunge hutunga sheria kwa maneno mapana na bodi ndiyo inayojaza mapengo. Mwisho, omba sera ya hospitali au kliniki unayotaka kuajiriwa. Hospitali haiwezi kukupa ruhusa ambayo jimbo limekunyima, lakini inaweza kukunyima ile ambayo jimbo limekupa, na hufanya hivyo mara kwa mara. Nimemwona NP mwenye leseni kamili ya jimbo akiambiwa na mwajiri wake kwamba hapa kwetu dawa za kifafa huanzishwa na daktari wa mishipa ya fahamu tu. Alipaswa kufuata. Siku zote inayokutawala ni ile iliyo nyembamba kuliko zote.

Wauguzi walio Uingereza wana njia yao na ni nyepesi kuieleza. Sheria ya kwanza huko ilipita mwaka 1992 kwa dawa chache, na tangu 2006 muuguzi aliyefuzu kozi ya uandishi wa dawa anaweza kuandika karibu dawa zote zilizo ndani ya uwezo wake, nchi nzima, mradi sifa hiyo imeandikwa karibu na jina lake katika daftari la NMC, baraza linalosajili wauguzi huko. Hakuna kuhangaika na majimbo.

Njia ya masomo na makaratasi

Kwa aliyekuja na diploma ya Kenya au Tanzania: kwanza vyeti vyako vipitiwe na shirika la kutathmini, ufanye NCLEX, mtihani wa leseni ya uuguzi, upate leseni ya RN. Kisha shahada ya kwanza ya uuguzi, ambayo vyuo vingi hutoa kwa RN anayefanya kazi, halafu uzamili au udaktari wa uuguzi. Katika ngazi hiyo kuna masomo matatu ambayo bila hayo hakuna bodi itakayokuangalia: fiziolojia ya ugonjwa, upimaji wa mwili, na famakolojia, yote kwa kiwango cha juu. Tunza muhtasari wa kila kozi uliyosoma. Ukihamia jimbo jingine baada ya miaka, bodi inaweza kutaka kuona saa za famakolojia, na chuo kinaweza kuwa kimebadilisha mfumo wake wa kumbukumbu.

Hapa nataka tukae kidogo, maana ndipo watu wanapochagua kwa haraka. Leseni ya NP haikupi wagonjwa wote. Unachagua kundi: familia, watu wazima na wazee, watoto, watoto wachanga, afya ya wanawake, au afya ya akili. Mtihani wa kitaifa unaufanya katika kundi hilo, na mamlaka yako ya kuandika dawa yanafungwa ndani yake. Aliyesomea watu wazima akimhudumia baba mwenye shinikizo la damu, na baba amekuja na mtoto wa miaka 6 anayekohoa, hawezi kumwandikia mtoto hata kama ugonjwa ni mwepesi na dawa anaijua kwa ndoto. Sasa hivi watu wengi wa nyumbani wanakimbilia afya ya akili kwa sababu mishahara ni mizuri na kazi inaweza kufanywa kwa video. Ni kazi tukufu, na jamii yetu, hasa waliopitia kambi za wakimbizi, inahitaji wataalamu wanaoelewa kwa nini mama wa Kongo anasema moyo wake unakimbia na kichwa kimejaa. Lakini uichague kwa sababu unataka kuketi na watu hao. Usiichague ukidhani baadaye utaweza pia kutibu kisukari chao. Kwa hilo utarudi darasani upya.

Baada ya mtihani unaomba leseni ya jimbo, kisha namba ya NPI ambayo ni ya bure na inakutambulisha kwa bima. Halafu inakuja namba ya DEA, idara ya serikali kuu inayosimamia dawa za kulevya. Bila namba hiyo utaandika amoksilini na dawa za presha, lakini hutaandika tramadoli, ambayo Marekani iliiweka Kundi la IV la dawa zinazodhibitiwa mwaka 2014. Ada yake ni dola 888 kwa miaka 3, na waajiri wengi huilipa, kwa hiyo uliza wakati wa kujadili mshahara. Tangu Juni 2023 anayeomba au kuhuisha namba hiyo lazima awe amefanya mafunzo ya saa 8 kuhusu uraibu wa dawa. Ni mara moja tu maishani. Yafanye mapema, vyama vingi vya kitaaluma huyatoa bure kwa wanachama.

Namba ya NP huanza na herufi M, ikifuatwa na herufi ya kwanza ya jina la ukoo, kisha tarakimu 7. Mfamasia anaweza kuikagua kwa kalamu tu. Chukua mfano nilioubuni: MA1234563. Jumlisha tarakimu ya kwanza, ya tatu na ya tano: 1, 3 na 5 ni 9. Jumlisha ya pili, ya nne na ya sita: 2, 4 na 6 ni 12, kisha izidishe mara mbili upate 24. Jumla ni 33. Tarakimu ya mwisho ya jumla hiyo, 3, lazima ilingane na tarakimu ya saba ya namba. Isipolingana, namba hiyo imekosewa au imebuniwa. Nawaonyesha wanafunzi hesabu hii ili waelewe kwamba upande wa pili wa kila cheti cha dawa kuna mtu anayekagua. Sheria ya serikali kuu inataka dawa hizi ziandikwe kwa sababu halali ya kitabibu katika mwenendo wa kawaida wa kazi, na inambebesha mfamasia sehemu ya jukumu hilo. Akikupigia simu kuuliza kwa nini umeandika oksikodoni vidonge 90, mjibu kwa heshima na kwa ukamilifu. Anafanya kazi yake, na mara nyingine anamwokoa mgonjwa wako.

Kumbuka pia: dawa za Kundi la II hazijazwi tena kwa cheti kile kile. Za Kundi la III na IV hujazwa hadi mara 5 ndani ya miezi 6. Na kabla ya kuandika dawa ya maumivu ya aina hii, fungua mfumo wa jimbo wa kufuatilia dawa uone mgonjwa amepewa nini na nani.

Kuandika kwa namna inayoeleweka

Sheria inaweza kukupa mamlaka yote, na cheti chako bado kikamdhuru mtu kwa sababu ya namna ulivyokiandika. Kuna vifupisho ambavyo hospitali za Marekani zimekatazwa kuvitumia tangu 2004, na vingi ni vile tulivyofundishwa nyumbani. Herufi U ya yuniti ya insulini ikisogea karibu na 10 inasomeka 100. Andika neno zima. Usiweke sifuri baada ya nukta, kwa sababu 1.0 nukta ikififia ni 10. Na usiache kuweka sifuri kabla ya nukta, kwa sababu .5 nukta ikififia ni 5. Kwa methotreksati ya ugonjwa wa viungo, ambayo humezwa mara moja kwa wiki, taja siku yenyewe: kila Jumatatu. Mgonjwa akiimeza kila siku inaweza kumuua.

Sasa nije kwa watu wetu. Mgonjwa wangu mmoja, mama mtu mzima wa kutoka Lamu, alianzishiwa metformini mahali pengine kabla hajaja kwetu. Chupa ilisema kidonge kimoja saa 8 asubuhi na kimoja saa 8 usiku, kwa hesabu ya Kizungu. Namba kwenye chupa alizisoma vizuri. Nilipomwamkia shikamoo na kumuuliza habari ya dawa, aliguna.

"Mwanangu, dawa gani hii ya kuamkia saa nane za usiku? Nailala njaa, nainuka naimeza, tumbo lanichafuka hadi alfajiri."

Alikuwa anaimeza saa nane mchana na saa nane usiku, kwa saa zetu. Alikuwa mtiifu kuliko mgonjwa yeyote niliyemwona wiki ile. Metformini inataka chakula tumboni, na yeye alikuwa anaimeza kwenye tumbo tupu katikati ya usiku kwa sababu aliyeandika alitaja saa badala ya mlo. Nilibadilisha maelezo: kidonge kimoja pamoja na chai ya asubuhi, kimoja pamoja na chakula cha usiku. Wiki mbili baadaye tumbo lilikuwa limetulia.

Tangu hapo siandiki saa kwa mgonjwa anayetumia Kiswahili ila pale ambapo saa yenyewe ni ya lazima, na hapo humtaka anionyeshe kwenye ukuta wa kliniki mshale utakuwa wapi akimeza. Wasiliana kwa milo, kwa swala, kwa kulala na kuamka. Kwa Mwislamu uliza kuhusu Ramadhani wiki 6 hadi 8 kabla ya mwezi kuandama, usisubiri aje amezirai. Metformini ya mara mbili kwa kawaida inahamia kwenye futari na daku. Dawa kama glipizidi, zinazoweza kushusha sukari sana mtu akiwa hajala, zinahitaji mpango mpya kabisa. Wengine hawapaswi kufunga, na wewe ndiye wa kumwambia kwa adabu na kwa sababu zilizo wazi, ikiwezekana mwanawe au imamu anayemwamini akiwapo.

Usidhani duka la dawa litatafsiri. California, kwa mfano, ina maelezo ya lebo yaliyotafsiriwa rasmi katika Kichina, Kikorea, Kirusi, Kihispania na Kivietnam. Kiswahili hakimo. Sheria ya serikali kuu ya 2010 inampa mgonjwa haki ya mkalimani aliyehitimu, bila malipo, na inakataza kumtumia mtoto kukalimani isipokuwa kwa dharura. Mpigie mkalimani simu hata kama mgonjwa anasema binti yake atatosha. Binti wa miaka 12 hapaswi kumuuliza mama yake kama anatokwa damu. Na kama wewe mwenyewe unazungumza Kiswahili, kumbuka kwamba mtu wa Bukavu na mtu wa Tanga hawasemi kila kitu kwa namna moja. Nikimaliza kueleza, namwomba mgonjwa anieleze yeye atakavyoimeza dawa nyumbani. Hapo ndipo mambo yanapojulikana. Wengi walizoea bahasha ya kaki iliyoandikwa 1x3 na wanafanya hesabu yao: asubuhi, mchana, jioni, kisha vyote vinakwisha kabla ya kulala. Kwa antibiotiki inayotaka nafasi ya saa nane kati ya dozi, waambie wazi kwamba dozi ya mwisho ni wakati wa kulala.

Watakaokuomba

Siku habari zikienea kanisani na msikitini kwamba unaandika dawa, simu hazitakoma. Atakuja jirani mwenye kikohozi anayetaka amoksilini tu, wala hataki kuonekana kliniki kwa sababu bima yake imeisha. Atakuja shemeji anayetaka dawa ya usingizi. Wote ni watu wako na wote unawapenda. Lakini cheti cha dawa bila kumpima mtu, bila faili, bila uhusiano wa mtoa huduma na mgonjwa, kiko nje ya mamlaka yako, na bodi ikikuuliza hutakuwa na karatasi ya kuwaonyesha. Mimi mwenyewe nina karatasi ukutani jikoni yenye majina ya kliniki za jamii zinazopokea wasio na bima na kulipisha kwa kadiri ya kipato. Jirani akiomba, nampa namba na mara nyingi nampeleka mwenyewe kwa gari. Hiyo haivunji sheria yoyote.

Kwa huduma ya video, kumbuka kwamba sheria inayotumika ni ya mahali alipo mgonjwa. Mgonjwa wako wa Minnesota akienda kumtembelea dadake Wisconsin na kukupigia kutoka huko, ni kana kwamba umevuka mto na kumtibia huko, na unahitaji leseni ya huko. Mkataba wa majimbo unaowawezesha RN wengi kufanya kazi ng'ambo ya mpaka kwa leseni moja hauhusu mamlaka ya kuandika dawa. Muulize kila mgonjwa mwanzoni mwa mazungumzo: uko wapi sasa hivi? Andika jibu lake kwenye faili.

Na nyumbani je? Mama akinipigia kutoka Kilifi kuniambia mguu umevimba, leseni yangu ya Minnesota haina nguvu hata kidogo katika duka la dawa la huko, na hata kama mwenye duka angekubali picha ya cheti kwenye simu, mimi simwoni mguu huo wala sijui presha yake leo. Ninachofanya ni kumuuliza maswali matatu: uvimbe ni mguu mmoja au yote miwili, umeanza lini, na anapumua vizuri akilala chali? Mguu mmoja uliovimba ghafla na kuuma, au pumzi kuwa fupi, ni hospitali leo hii, usiku huu ikibidi, na pesa ya teksi naituma kwa M-Pesa kabla sijakata simu. Vingine vinaweza kungoja kliniki ya kesho asubuhi, na kabla hajaenda namwomba atie mfukoni dawa zote anazomeza, pamoja na za kienyeji, amwekee daktari wa huko mezani.